Goti la Mpangaji Wetu

Mimi ni fundi cherehani, na mtu akiingia kwangu macho humpima kabla mdomo haujamkaribisha. Si tabia nzuri, mama ameshanisema mara nyingi, lakini ndiyo inayonilisha hapa Manundu. Kwa hiyo siku yule Mmarekani alipoinama kupita mlango wetu wa mbele, kisha akasahau kuinama kwenye mlango wa uani na kujigonga paji la uso, nilikuwa nimeshajua mambo mawili. Kwanza, suruali yake itakula kitambaa cha watu wawili. Pili, mguu wake wa kulia alikuwa anautua chini kwa kuubembeleza.

Alikuwa amekuja kupanga chumba chetu cha uani. Mdogo wake alikuwa anajitolea kufundisha hisabati katika sekondari moja hapa Korogwe, na nyumba aliyopewa haikuwa na nafasi ya mtu wa pili, tena wa urefu ule. Dada mtu alitaka kupumzika miezi michache tu.

"Kupumzika kwa sababu gani?" mama akauliza. Kwa mama, kupumzika kunahitaji sababu, kama homa au uzazi.

Mgeni akainua sketi kidogo, akaonyesha goti. Lilikuwa na mshono mrefu uliokauka vizuri. Mama ni Mzigua wa Kwaluguru na hana desturi ya kuficha anachofikiri. Aliutazama mshono, akanitazama mimi, akasema aliyelishona goti lile anajua kushona kuliko mimi. Chumba akapewa siku hiyohiyo.

Tatizo la kwanza lilikuwa kitanda. Kilikuwa cha futi sita, na miguu ya mgeni ilitoka nje. Mama akasogeza gunia la mahindi miguuni, akalitandika kanga, na mpangaji wetu akalala hivyo, nusu juu ya godoro na nusu juu ya chakula chetu, mpaka mahindi yalipotakiwa kwenda mashineni. Siku hiyo ndipo tulipomwita seremala.

Tatizo la pili lilikuwa suruali. Alizokuja nazo zilikuwa za kubana, na alitaka moja pana ya kukaa nayo nyumbani. Nikatoa futi, nikapima kiuno, nikapima mapaja. Paja la kulia lilikuwa jembamba kuliko la kushoto. Nikapima tena nikidhani futi imeteleza. Akacheka, akaniambia kwa Kiswahili chake cha wakati ule, ambacho kilikuwa bado kinatambaa, kwamba paja lilikonda baada ya upasuaji na lilikuwa linarudi polepole. Yeye ni mchezaji wa mpira wa wavu, akasema. Wa ndani, ukumbini, siyo wa ufukweni.

"Na kazi yako?" nikamuuliza.

"Hiyo ndiyo kazi."

Nikakaa chini. Mimi nimecheza mpira wa wavu tangu shule ya msingi, na mpaka leo nacheza na wanawake wenzangu wa mtaani, lakini sikuwahi kukutana na mtu aliyelipa kodi ya nyumba kwa kuruka juu na kupiga mpira.

Habari za kazi yake tulizipata vipandevipande, jioni, tukipukuchua mahindi uani. Kwao ni mji wa wakulima wa mahindi, kwa hiyo magunzi hayakumshangaza. Baba yake alimfundisha kwa kumrushia mpira juu ya kamba ya kuanikia nguo. Akarefuka, akawa hodari, chuo kikuu kikamsomesha kwa sababu ya mpira. Huko, alisema, watu hujaa ukumbini kuwatazama wasichana wa chuo, bendi inapiga, watoto wanataka sahihi. Kisha chuo kinaisha na bendi inanyamaza. Wakati wake, nchi yao kubwa yote ile haikuwa na ligi ya maana ya kumlisha mwanamke anayecheza mpira wa wavu. Ukitaka kuendelea, unafunga begi unakwenda ugenini.

Akafunga begi. Akaenda Puerto Rico, ambako alikula ndizi za kukaanga na kufurahi. Akaenda Poland, ambako theluji ilimfungia ndani na kocha hakutabasamu mpaka msimu ulipokwisha. Akaenda Uturuki, mshahara mnono na chai haikauki mezani. Akaenda Ufilipino, mashabiki wakawa wanamngoja nje ya hoteli. Akarudi Uturuki. Mwisho Italia, na huko, siku moja alipotua baada ya kuruka kuzuia mpira kwenye wavu, goti likasema basi. Kila mahali alipewa nyumba ya klabu, masufuria ya klabu, shuka za klabu. Harusi ya rafiki yake wa utotoni aliitazama kwenye simu akiwa ndani ya basi la timu.

Mama alikuwa anasikiliza huku nikimfasiria pale Kiswahili cha mgeni kilipokwama. Akauliza swali moja.

"Na mgongoni walikuwa wanakuandika namba?"

"Ndiyo, mama. Kumi na mbili."

Mama akaweka gunzi chini. Watu walioletwa zamani huku kwetu kutoka mbali, kuja kukata mkonge kwa mkataba, tuliwaita manamba, kwa ajili ya namba walizopewa mashambani. Nyumba ya kampuni, chakula cha kampuni, mkataba ukiisha unaanza mwingine, na wengi wao walizeeka bila kuona kwao tena.

"Kumbe na wewe manamba," mama akasema.

Niliona aibu kulifasiri hilo, lakini mgeni alining'ang'ania mpaka nikalifasiri. Alicheka mpaka sinia la mahindi likamwagika. Tangu siku hiyo mtu akimuuliza anafanya kazi gani, anajibu yeye ni manamba, na wazee wa Manundu wanamtazama kwa mashaka makubwa.

Lakini jambo lililomleta halikuwa la kuchekesha. Klabu ya Italia ilikuwa inamtaka kwa msimu mmoja zaidi, na ilikuwa inangoja jibu lake mwisho wa mwezi ule aliopanga kuondoka. Daktari alikuwa ameshamwambia goti limepona, aruke. Yeye hakuwa ameruka. Alitembea, alikimbia taratibu asubuhi hadi darajani na kurudi, alipanda mlima hadi Kwashemshi kwa ndugu za marehemu baba yangu na kushuka na mkungu wa ndizi begani. Kuruka, hapana. Goti likiruka, anarudi kazini. Likikataa, kazi imekwisha, na zaidi ya mpira alikuwa hajawahi kufanya kitu kingine maishani. Nyumbani kwetu sote tulilijua hilo, na mama aliliingiza goti lile katika dua zake pamoja na wagonjwa wa ukoo.

Mimi nilimpeleka kwenye timu yetu. Tunacheza jioni kwenye uwanja wa shule, udongo mwekundu, wavu tumeusuka wenyewe kwa kamba za katani. Kuna aliyevaa traksuti, kuna aliyevaa dera juu ya traksuti, na hijabu zetu zina pini za kutosha kuanzisha duka. Nahodha wetu ni mwalimu aliyewafundisha darasa la kwanza nusu ya wachezaji. Mpigaji wetu hodari ni binti mdogo anayeuza vitumbua asubuhi. Mimi kazi yangu ni kumpandishia mpigaji mpira juu karibu na wavu ili aupige. Mpira wenyewe tulipewa na mzee mmoja wa Kihindi mwenye duka la vifaa vya ujenzi, kwa sababu mkwe wake naye anacheza, na mzee huyo anapenda mpira wa wavu kuliko anavyopenda wateja.

Mgeni alikaa kwenye benchi, akatutazama tukicheza seti nzima. Kisha akaniuliza, kwa upole kabisa, kwa nini mpira unaanguka katikati ya watu wawili na wote wawili wanautazama.

Sikuwa nimewahi kuliona hilo. Alipolisema nikaliona, na sikuweza kuacha kuliona. Mpira ukija kati ya mwalimu na muuza vitumbua, muuza vitumbua anarudi nyuma, kwa sababu nani atamnyang'anya mwalimu wake mpira? Mwalimu naye anasita, kwa sababu mtu mzima harukii kitu mbele ya watoto kama mwenye njaa. Mpira unaanguka. Kisha wote wanaombana radhi.

Mgeni akatuambia dunia nzima mchezaji anayeutaka mpira anapaza sauti, anasema "Yangu." Poland wanapiga kelele, Uturuki wanapiga kelele. Tukajaribu. Muuza vitumbua alifungua mdomo, akamtazama mwalimu, akaufunga. Unawezaje kumwambia mtu mzima "yangu" usoni? Kwetu mtoto anayesema hivyo kwenye sinia la wali anaondolewa kwenye sinia. Siku nne tano zikapita na mpira ukaendelea kuanguka kwa heshima zote.

Dawa ilikuja yenyewe. Mpira ulikuja juu, unashuka kichwani kwa mwalimu, na muuza vitumbua tayari alikuwa mbioni na hawezi kujizuia. Akajikuta mbele ya mwalimu wake, uso kwa uso, na kwa hofu akatamka kitu pekee ambacho mdomo wake unajua kukitamka mbele ya mwalimu.

"Shikamoo."

"Marahaba," mwalimu akaitika, akampisha.

Mpira ukainuka vizuri ajabu. Mgeni alisimama kwenye benchi, mikono kichwani, akasema hivyohivyo, fanyeni hivyohivyo kila siku. Ikawa ndiyo sheria yetu. Mdogo akitaka mpira anaamkia, mkubwa anaitikia na kupisha. Mkubwa akiutaka yeye, anakaa kimya na mdogo anajua. Wapita njia walikuwa wanasimama barabarani kutusikiliza tukiamkiana kwa kasi ile, wakidhani tunafanya mzaha.

Tulipata nguvu. Lakini mgeni mwenyewe, akitufundisha, miguu yake haikuacha ardhi. Alionyesha mikono, alionyesha hatua mbili tatu za kuingia, akafika pale pa kuruka na kusimama. Siku moja mzee wa duka alikuja uwanjani na simu yake, amemtafuta mtandaoni na kumpata. Tukaizunguka simu. Kwenye video mgeni alikuwa amevaa jezi nyekundu, na alipanda juu ya wavu na kukaa huko hewani kwa muda ambao si wa kawaida, mpaka waliokuwa wanamzuia wakaanza kushuka na yeye bado yuko. Kisha mkono ukaja. Tulipiga mayowe kama jambo lile limetokea sasa hivi. Nilipogeuka kumtafuta, alikuwa upande wa pili wa uwanja anakaza kamba ya wavu ambayo haikuwa imelegea.

Mwisho wa mwezi ukakaribia, na likaja bonanza la vikundi vya kina mama kule Handeni. Zawadi ilikuwa mbuzi. Mzee wa duka akatupa gari lake la kubebea saruji na dereva. Mama naye akapanda, mbele, na mkeka wake, maana Handeni ni kwao na ndugu zake walikuwa wanatoka Kwaluguru kuja kumwona. Asubuhi ya kuondoka, mkwe wa mzee wa duka akaamka na homa. Tukabaki watano na tunatakiwa sita.

"Nitacheza," mgeni akasema. "Nataka kujua. Kesho nawajibu Waitalia."

Hakuna aliyepinga, kwa sababu bila yeye hatuchezi. Lakini njiani sote tulikuwa tunaliwaza goti, na bila kuambizana tukakubaliana kulilinda.

Matokeo yake seti ya kwanza ilikuwa kioja. Wanawake wa Handeni ni wakulima, mikono yao ina nguvu, na mipira ilikuja mizito. Kila mpira uliomwelekea mgeni, watu watatu tulimkimbilia. Mwalimu alimpita kifuani. Muuza vitumbua alipiga mbizi miguuni pake. Mmoja wetu alimsukuma kabisa pembeni huku akimwambia, "Acha tu, dada, pumzika." Na mimi, ambaye ndiye ninayechagua nani apewe mpira wa kupiga, niliupandisha wote kushoto, kwa muuza vitumbua, mpaka binti wa watu akaanza kuhema. Mgeni alikuwa kulia, ameinua mikono, anangoja. Sikumwangalia. Kwa mila zetu, mgonjwa hapewi kazi na mgeni habebeshwi mzigo, na yeye alikuwa vyote viwili. Seti tukapoteza.

Wakati wa kubadilisha upande ndipo nilipoiona hasira yake. Haikuwa na kelele. Alisimama katikati yetu, mweupe hadi midomoni, akasema kwa Kiswahili kilichonyooka kuliko siku zote, "Mnanizika."

"Utaumia," mwalimu akamwambia.

"Labda. Nimekuja kwa sababu hiyo. Nipeni mpira."

Mama alikuwa ameketi mkekani ukingoni mwa uwanja, kati ya dada zake wawili, na alikuwa amesikia. Akainuka, akafunga kanga yake vizuri, akaja mpaka tulipo. Refa alitaka kumzuia, akamwamkia badala yake.

"Mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe," mama akasema. "Huyu amelala juu ya mahindi yangu. Amepukuchua, amebeba ndizi za Kwashemshi. Mgeni gani huyo? Mpeni jembe lake alime." Akarudi kukaa.

Mpira wa pili wa seti ya pili nikaupandisha kulia. Niliupandisha kama alivyonifundisha, juu na mbali kidogo na wavu, nikageuka kumwangalia kwa sababu safari hii nilikuwa na haki ya kuangalia. Akaingia hatua zake, akafika pale pa kuruka, akasimama. Aliusukuma mpira miguu ikiwa chini, ukaanguka kwenye wavu. Handeni wakashangilia. Akanitazama, akaninyooshea kidole juu. Tena.

Nikampa tena. Hatua moja, mbili, tatu, na raba zake zikaacha udongo mwekundu wa Handeni. Sisemi alikaa hewani kama kwenye ile simu. Alipanda kiasi cha mtu mzima mwenye wasiwasi. Lakini mkono ulikuwa uleule, na sauti ya mpira ule sijaisikia tena tangu siku hiyo. Uligonga chini upande wao, ukaruka juu ya vichwa vya watazamaji, ukampata yule mbuzi wa zawadi aliyekuwa amefungwa kwenye nguzo, naye akaruka vizuri kuliko sisi sote. Uwanja mzima ulicheka. Mgeni alikuwa ametua kwa miguu yote miwili, ameinama, anaitazama ardhi chini ya goti lake kama aliyedondosha kitu.

Halikuuma. Akaruka tena, na tena, kila safari juu zaidi. Muuza vitumbua alikuwa analia kwa furaha na kucheza huku analia. Seti ya pili tukachukua.

Ya tatu tukapoteza, na nasema wazi kwamba tulipoteza kwa ujanja wa Wazigua. Mwanzoni kuamkiana kwetu kuliwachanganya. Bibi mmoja wa kwao aliitikia "Marahaba" kwa mpira wetu akasimama wima. Lakini hawakukaa wajinga muda mrefu. Mwishoni, sisi tunakaribia kushinda, wao wakipiga mpira tu wanaamkia wote kwa pamoja, "Shikamoo, mwalimu," na mwalimu wetu, malezi ni malezi, anaitikia na kupisha. Mama alijitahidi kuonekana amesikitika. Washindi walimchinja mbuzi palepale na kutukaribisha, kwa hiyo tuliila zawadi ingawa hatukuishinda.

Watu walikuwa wanamjia mgeni kumshika mkono. Goti limepona, walimwambia, Mungu mkubwa. Yeye aliitikia, asante, asante, na nyama hakuigusa. Kwenye gari aliketi nyuma pamoja nami, amejifunika kanga kichwani kwa ajili ya vumbi, na nilidhani amelala mpaka nilipoona mabega yanatikisika. Nikajua goti limeanza kuuma. Nikataka kumgongea dereva asimame.

"Haliumi," akasema. "Haliumi kabisa."

Tukafika Manundu. Baada ya magharibi tulikaa uani kwenye mkeka, mama, yeye na mimi, na chai ikawa inapoa mbele yake. Hatimaye alisema.

"Goti limekubali."

"Tumeona," nikamwambia. "Alhamdulillahi."

"Mimi nilikuwa naomba likatae."

Nilitaka kumkaripia. Miezi yote ile mama yangu anaamka kuliombea goti lake, na kumbe mwenye goti anaomba kinyume. Lakini nilimwona uso, nikamwacha aseme. Akaeleza, akichanganya lugha zote mbili, na mimi nikamfasiria mama. Alikuwa amechoka. Si mguu, yeye mwenyewe. Alichoka tangu Poland, akachoka zaidi Uturuki ya pili, na siku goti lilipokatika, akiwa amelala sakafuni watu wamemzunguka, kitu cha kwanza alichohisi kabla ya maumivu kilikuwa nafuu. Aliwaza, sasa naweza kwenda nyumbani na hakuna atakayenilaumu. Kisha madaktari wakamponya vizuri mno. Akaogopa kuruka, siyo kwa kuogopa kuumia. Aliogopa lisiumie. Kwa sababu likikubali, hana tena kisingizio, na kwao mchezaji anayeweza kucheza hasemi amechoka. Wangemwambia mamilioni ya wasichana wanatamani miguu yake.

Mama alimsikiliza mpaka mwisho.

"Kwa hiyo ulitaka goti likusemee."

"Ndiyo, mama."

"Goti halina mdomo. Ukichoka, sema umechoka."

"Watasema bado naweza."

"Unaweza. Na mimi naweza kulima shamba lote la Kwaluguru. Sitaki." Mama akanywa chai yake. "Wenzako waliacha vipi?"

Akafikiri. Mmoja mgongo, akasema. Mwingine bega. Mwingine kifundo cha mguu, alitolewa kwa machela mbele ya watu wote. Aliendelea kutaja, na hakupata hata mmoja aliyeacha mzima.

"Wote walibebwa," mama akasema. "Wewe toka kwa miguu yako."

Mgeni akachukua simu, na hakungoja kesho. Alisimama karibu na kamba ya nguo, mgongo umetuelekea, akampigia kocha wake wa Italia. Kiingereza changu ni cha shule, lakini neno la kuchoka nililisikia wazi. Halikutajwa goti. Upande wa pili walizungumza sana, na yeye akawa anarudia neno lile, kila mara kwa sauti tulivu zaidi, mpaka ikaonekana wamelikubali.

Aliporudi mkekani, miguu haikujua ikae wapi. Mama akamwambia anachoambiwa mtu yeyote huku kwetu anayeingia uani akitoka shamba, dukani au sokoni, maneno tunayoyasema bila kufikiri.

"Pole na kazi, mwanangu."

Aliyajua maneno hayo, aliyasikia kila siku. Safari hii akamwomba mama arudie. Mama akarudia. Akaitikia kama tunavyoitikia sisi, kwamba ameshapoa, kisha akajilaza palepale mkekani, mrefu kuliko mkeka, akalia bila kujificha, na kabla wali haujaiva alikuwa amelala fofofo.

Nilipopakua nikainama nimwamshe ale. Mama akanishika mkono.

"Mwache," akasema. "Kesho haendi kazini."